Mwanamke wa Tatu

Shangazi Siasi alikufa mara kumi na moja
na mara zote nilikuwepo, nimeketi sakafuni
katika ukumbi wa mji wetu, Puvirnituq,
nikila bisi, nikihesabu.

Alikufa kwa baridi, mara nne.
Alikufa kwa risasi iliyomkusudia mtu mwingine.
Alikufa akijifungua; mtoto akaishi, akachukuliwa.
Mara moja alikufa kabla jina la filamu halijaandikwa,
na sisi tuliochelewa mlangoni, tukikung'uta viatu,
hatukumwona kabisa.

Mwishoni, majina yalipopanda kama moshi,
tulimtafuta kwa vidole:
Daktari, Luteni, Mke wa Luteni,
hata mbwa alikuwa na jina, aliitwa Roksi,
kisha chini, karibu na waliopika chakula:
Mwanamke wa Tatu.

Julai, Montreal, ghala lisilo na dirisha.
Theluji ilikuwa unga wa viazi.
Alitoka jasho ndani ya manyoya ya plastiki
mpaka wakamkausha kwa feni,
na bwana mmoja, mzaliwa wa jangwani huko kusini,
akamfundisha kutetemeka.
"Si hivyo. Tetemeka kama mtu anayeijua baridi."
Shangazi akajifunza. Dola arobaini kwa siku.
Cherehani ilitoka humo, na meno ya bibi.

Sasa sikiliza, maana hili hulioni
usipokuwa wa kwetu.
Kwetu ndiyo ni nyusi: zinapanda kidogo, basi.
Hapana ni pua: inakunjwa, basi.

Katika filamu ya saba mnunuzi wa ngozi,
mwenye ndevu nyekundu, anapiga goti.
Anamtaka awe mkewe. Mswada ulisema:
*Mwanamke hana la kusema. Anamtazama. Muziki.*
Kamera ikaja karibu, karibu mno,
uso wa shangazi ukajaa ukuta mzima
na pua ikakunjwa.

Mwongozaji alifurahi, alidhani ni haya.
Gazeti moja liliandika juu ya fumbo la uso ule.
Ukumbini kwetu watu waliruka vitini.
Mzee Tumasi alipiga mluzi. Mama alicheka hadi machozi,
kisha akalia tu.
Kwani filamu haikusikia. Filamu iliendelea,
ikamwoza, ikampa kikohozi,
ikamzika dakika ya themanini na mbili.

Mgeni njoo, mwenyeji apone.
Walikuja na taa, na nyaya, na kahawa yao wenyewe,
na mwenyeji akalipwa ili afe vizuri.

Nilimuuliza kama aliwachukia.
Alikuwa akikata uzi kwa meno.
"Usinifanye sanamu, wewe nawe," akasema.
"Nilipenda taa. Nilipenda kutazamwa.
Na nilikuwa hodari wa kufa.
Wenzangu walipepesa macho."

Alipotimiza miaka sitini na sita, binti wa Ialu,
yule aliyekuwa akirekodi mbwa kwa simu,
alirudi na kamera na mswada wa kurasa tisa.
Shangazi akavaa miwani. Akayasoma maandishi yetu,
yale ya pembetatu na ndoana, akiyafuata kwa ukucha:
*Mwanamke anatengeneza kabureta ya pikipiki ya theluji.
Anagombana na dada yake kwa simu, bei ya petroli.
Inagoma. Anajaribu tena. Inagoma. Inawaka.*

"Nina jina?"
"Chagua."
Siku tatu hakuchagua. Alishona, alisafisha jiko,
alinipigia simu akaniuliza habari za hewa.
Ya nne akachukua la bibi, yule wa meno.

Juzi tumeionyesha ukumbini. Dakika kumi na nne.
Dada mtu alikatiwa simu, watu wakashangilia.
Injini ikanguruma, shangazi akaondoka,
theluji ya kweli ikairukia kamera.
Taa zikawaka.

Mjukuu wake Putulik, aliyekulia kwenye hesabu yangu,
alibaki ameketi, vidole tayari.
"Bado," akasema. "Bado hajafa."
Akamgeukia. "Utakufa?"

Hakufungua mdomo.
Akakunja pua.